Mpwa Wangu na Mdundiko

Mtu asiyeifahamu Pwani akiulizwa ngoma ni nini, atasema ni mchezo unaochezwa mahali fulani, na watu wakakaa pembeni wakautazama. Kwa ngoma nyingi amesema kweli. Mdundiko haukai mahali. Huanzia uani kwa watu, penye arusi au penye mwali anayetolewa, ukatoka mlangoni, ukashika njia, na kila upitapo unachukua watu. Mama aliyekuwa akipepeta mchele anaweka ungo chini. Mtoto aliyetumwa chumvi dukani anaifuata ngoma, na hela ya chumvi imo mkononi. Wapo waliojikuta saa mbili za usiku wako mtaa wasioujua, wala hawakumbuki walivukaje barabara. Bibi zetu wa Uzaramo walikuwa wakihesabu watoto mdundiko ukishapita, kama mchungaji anavyohesabu mbuzi jioni.

Nalieleza hili mapema kwa sababu msomaji ambaye hajapata kuufuata mdundiko hataelewa kilichompata mpwa wangu. Nimewahi kusikia ukiitwa kanivali ya Wazaramo, ukilinganishwa na ile ya Rio de Janeiro kule Brazili. Ulinganisho si mbaya, ila una mpaka wake. Rio walijenga njia maalumu ya kupitishia kanivali yao mwaka 1984, yenye majukwaa ya zege pande mbili, na mtazamaji hukata tiketi akakaa. Mdundiko hauna tiketi. Hauna hata mtazamaji, kwani anayekuja kutazama, akiukaribia hatua kumi tu, miguu yake imekwisha kuingia hesabuni.

Mpwa wangu huyu ni mtoto wa dada yangu anayenifuata. Asili yetu ni Maneromango, wilaya ya Kisarawe, na kwa desturi yetu ukoo hufuata upande wa mama, hivyo mjomba ana sauti juu ya mtoto wa dada yake ambayo makabila mengine humwachia baba. Mimi kazi ya ualimu ilinipeleka Kibaha, na kijana alipomaliza darasa la saba nikamchukua akae kwangu asome. Kibaha ni mji wa kengele. Ulikua kutokana na ule mradi ulioanzishwa mwaka 1963 kwa msaada wa nchi za Nordiki, ukakabidhiwa kwa serikali yetu mwaka 1970 na kuitwa Shirika la Elimu Kibaha: shule, mafunzo ya wakulima, hospitali ya Tumbi. Aliyekulia pale anajua saa ya kula na saa ya kulala. Nilidhani, na bado nadhani, kwamba kengele humfaa kijana.

Mwaka 1997, alipofikia umri wa miaka 22, alipata nafasi katika chuo kimoja cha uhasibu Dar es Salaam. Ada ya mwaka wa kwanza tulichanga mimi na mama yake. Yeye akaenda nayo Kariakoo, akarudi Kibaha na kamera ya video iliyokwisha kutumika, ile mikubwa ya kubebwa begani inayomeza kanda za VHS. Aliiweka juu ya meza yangu ya chakula akasema, "Mjomba, hii italipa." Sikumjibu siku ile wala siku ya pili.

Ulikuwa wakati wa homa ya video. Zanzibar walikuwa na televisheni tangu miaka ya 1970, lakini bara tulingoja hadi mwaka 1994, na ghafla kila mwenye arusi alitaka naye aonekane kwenye kioo. Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa mwaka 1968, ilikuwa imechoka kama mashirika mengi ya umma ya siku zile, na kijana aliyetaka kujifunza filamu hakuwa na mlango wa kubisha hodi. Filamu ya kwetu aliyoipenda ilikuwa Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, kazi ya Nangayoma Ng'oge na Mmarekani Ron Mulvihill, inayohusu mwanamke mgonjwa anayewaogopa waganga wa jadi. Aliipata katika mkanda ulionakiliwa mara nyingi hata nyuso za watu zikawa za kijani. Aliutazama kwenye deki yangu mpaka mke wangu akaomba umeme ukatike.

Kwa hiyo alipiga arusi za Maili Moja na Tumbi, na siku za mapumziko akawaandama wasanii wa maonyesho. Vijana wa leo hawakuvikuta vikundi vile katika enzi yao: Muungano, Mandela, na TOT iliyoundwa mwaka 1992. Onyesho moja la Jumapili alasiri lilikuwa na ngoma za makabila, taarabu, mchezo wa kuigiza, vichekesho na sarakasi, vyote kwa kiingilio kimoja. Sarakasi hiyo nayo ina historia yake, kwani serikali ilipeleka vijana China katika miaka ya 1960 wakajifunze, na mafunzo yao yakaenea kwa waliowafuata hadi mitaani. Kulikuwa na wacheza nyoka pia, mchezo uliotoka kwa watani wetu Wasukuma, na hapo ndipo watazamaji wa mstari wa mbele walipohamia mstari wa nyuma bila kuombwa. Mpwa wangu aliwapiga hao wote. Alirudi na kanda tano, akazitazama, akazifunga kwenye mfuko wa rambo.

Nilimwuliza kulikoni. Akasema, "Hawa, Mjomba, wanajua nimesimama wapi."

Nilichukua siku kadhaa kulielewa neno hilo. Msanii wa jukwaani huigeukia kamera kama anavyowageukia wenye viti. Hutabasamu pale anapojua unamwona, na picha ikitoka huwa kama picha ya kitambulisho, ila ina manyoya kichwani.

Mwanzoni mwa mwaka 1998, mvua za El Niño zikiwa zimekwisha kuzitafuna barabara zetu, aliitwa Kisarawe kupiga arusi. Arusi aliipiga. Mdundiko ukatoka na bibi arusi, yeye akaufuata, na hakurudi Kibaha kwa siku tisa.

Baada ya hapo akawa mtu wa Kisarawe. Kila Ijumaa alipanda basi na kamera yake ndani ya gunia la mchele ili vibaka wasiitambue. Mwezi wa sita dada yangu akaniletea barua kwa mkono wa utingo, mistari miwili: "Kaka, njoo umtazame mwanao. Amekuwa mtu wa ngoma." Kwetu maneno hayo ni mazito. Mtu wa ngoma ni mtu asiyelima, asiyejenga, analala palipomchwea.

Kwenye ramani njia ya mkato ipo, kutoka Mlandizi kupitia Mzenga hadi Maneromango, lakini mwaka ule ilikuwa matope matupu. Nikazunguka kama wazungukavyo wote: Kibaha hadi Ubungo, kisha Gongo la Mboto, kisha kupanda vilima vya Pugu. Ukifika juu hewa inabadilika, msitu unakuwa upande mmoja na mji wa Dar es Salaam unaumeremetea huko chini. Nilikuwa nimeyapanga maneno yangu njia nzima. Nilimkuta uani kwa watu, amechuchumaa kando ya mzee mmoja mpiga chapuo, wakikanza ngoma kwa moto wa makuti.

"Shikamoo, Mjomba."

"Marahaba. Mama yako ameniita."

"Najua. Kaa, Mjomba. Tunatoka sasa hivi."

Yule mzee hakuinuka. Alinipa mkono, akauliza mimi ni wa ukoo gani, na nilipomtajia akacheka. "Basi kijana huyu hakupotea," akasema. "Amerudi kwao kwa mlango wa nyuma." Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa, na nilikuja kuona kwamba mzee yule alikuwa ameanza kumtunza mpwa wangu zamani, si kwa noti ya kubandikwa kwenye paji la uso, bali kwa kumfundisha kutembea.

Maana hiyo ndiyo ilikuwa shida yake ya kwanza. Arusi ya ukumbini hupigwa kwa kusimama. Mdundiko, ukisimama umekupita, unabaki unapiga migongo. Ukiutangulia ili uzipate nyuso, inakubidi utembee kinyumenyume, na mara ya kwanza alijaribu hivyo akaingia mtaroni na kamera yake. Akatafuta mtoto wa kumshika mkanda wa suruali na kumwongoza kutoka nyuma, lakini mtoto naye alikuwa akicheza. Picha ikaruka kama redio iliyo juu ya punda. Ndipo mzee alipomwambia aweke kamera chini, akamvika chapuo shingoni, na kwa wiki tatu akamtembeza nayo. Magoti yalegee. Unyayo ushuke wote kwa pamoja. Uzito ukae kiunoni, juu pabaki patulivu, kwani mpiga chapuo mwenye mabega yanayoruka atachoka kabla ya kufika mtaa wa pili. Aliporudia kamera, akaifunga begani kwa khanga ya mama yake na akatembea vilevile, picha ikatulia. Nilikuja kuiona. Watu wanatikisika, miti inapita, na jicho linalowatazama linakwenda kwa mwendo wao.

Siku ile nilitembea nao mimi mwenyewe, mwalimu mzima na viatu vya ngozi, kutoka alasiri hadi baada ya magharibi. Sitasema nilicheza. Nilitembea. Nilichokiona ni kwamba mpwa wangu alikuwa hajulikani kuwa yupo. Mwanamke mmoja alimfuta jasho kwa ncha ya khanga huku akiwa anaimba, kamera iko kwenye shavu lake, wala hakuiangalia. Nikalikumbuka lile neno lake la wasanii wanaojua amesimama wapi.

Miaka mingi baadaye aliniletea habari za Mfaransa mmoja, Jean Rouch, aliyepiga filamu Afrika Magharibi tangu miaka ya 1940 na akafa kwa ajali ya gari hukohuko Niger mwaka 2004. Mwaka 1971 Rouch alikuwa katika kijiji cha Simiri, penye ngoma ya pepo iliyochezwa kwa siku kadhaa bila pepo kupanda. Akawasha kamera, akatembea nayo hadi katikati ya wapiga ngoma, akapiga kama dakika kumi bila kukata, na ndani ya dakika hizo pepo zikapanda. Filamu hiyo inaitwa kwa majina ya ngoma zenyewe, Tourou et Bitti, na Rouch aliamini kwamba kamera yake ndiyo iliyosukuma jambo. Mpwa wangu hakukubaliana naye. Alisema wapiga ngoma ndio waliomsukuma Mfaransa. Mimi si mtaalamu wa mambo hayo, lakini kwa niliyoyaona Kisarawe, namwamini mpwa wangu zaidi.

Sasa niseme lililo gumu. Ngoma ile niliyoifuata ilikuwa ya kumtoa mwali, msichana wa darasa la saba. Desturi yetu ni kwamba msichana akivunja ungo anawekwa ndani, kungwi anamfunda, na siku ya kutolewa ndiyo siku ya mdundiko. Zamani aliweza kukaa ndani miezi mingi, hata mwaka na zaidi, na kile kinyago kidogo cha mti tukiitacho mwana hiti kikawa ndicho mwenzake. Mimi ni mwalimu. Nimeita majina asubuhi nikajibiwa na dawati tupu. Huyu wa mwaka 1998 walimweka ndani kwa muda wa likizo tu, akatoka kabla shule haijafunguliwa, na mjomba wake alijivunia jambo hilo mbele yangu kana kwamba amenilipa deni. Hayo ni maendeleo, na wazee walioyakubali wanastahili sifa. Lakini mdundiko wa usiku nao una mengine: vibaka wanaojificha kwenye umati, na wasichana wanaorudi alfajiri wakiwa na siri. Anayeusifu bila kuyataja hayo hajawahi kuwa na binti.

Mpwa wangu aliyajua. Akaja mtu mmoja kutoka mjini, mfanyabiashara wa kanda, akamtaka apige yaliyo ndani: mafunzo, kungwi na mwali wake. Alimwahidi shilingi 200,000, fedha ambayo kwa kijana wa arusi za Maili Moja ilikuwa mavuno ya miezi. Wapo waliopata kuingia mlango ule. Marja-Liisa Swantz, mtafiti wa Kifini, aliishi na Wazaramo wa Bunju katika nusu ya pili ya miaka ya 1960, na kitabu chake juu ya mila zetu kilitoka mwaka 1970. Lakini yule alikuwa mwanamke, alikaa miaka, na wanawake wenyewe ndio waliomkaribisha. Huyu wa kanda alitaka Jumamosi moja.

Kijana alimpelekea kungwi habari ile, si kumwomba bali kumweleza. Kungwi akamwuliza, "Na wewe umemjibu nini?" Akasema amemjibu kwamba yeye ni mwanamume. Kungwi akaendelea kumenya muhogo wake. Tangu siku hiyo, kila ngoma ya mwali iliyotoka upande ule, yeye ndiye aliyeitwa, na aliitwa mapema, akala na watu, akaketishwa penye kivuli. Katika mkanda wa mwaka ule kuna sehemu ndefu ya mlango uliofungwa, kuku wanapita mbele yake, na sauti ameizima. Wageni waliokuja kuuona mkanda huo waliidhani hitilafu.

Kuhusu ada, msomaji asidhani niliisamehe. Hadi leo nashikilia kwamba ada ni ada. Alinilipa kidogokidogo hadi mwaka 2001, na mama yake alimlipa kwa bati za nyumba. Ni kweli pia kwamba kazi ile haikumtajirisha. Mkanda wake mmoja ulinakiliwa dukani bila idhini, ukauzwa, na wapiga ngoma walioonekana humo wakaja kumdai yeye. Walikuwa na haki ya kudai. Aliuza redio yake akawagawia kilichopatikana, akawaonyesha risiti, nao wakampa kazi ya kutunza hesabu za kikundi. Kwa hiyo uhasibu aliufanya, kwa daftari la mistari. Siku hizi kila mtu ana simu na kila mdundiko unapigwa na simu hamsini, nyingi zikiwa zimemgeukia mwenye simu mwenyewe. Spika kubwa nazo zimechukua mahali pa chapuo penye shughuli nyingi. Ana miaka hamsini sasa, anazihamisha kanda zile kabla ukungu haujazimaliza, na analalamika kama mzee.

Nimalizie habari ya mkanda mmoja. Yule mzee mpiga chapuo alifariki mwaka 2003. Ilipokaribia arobaini, wajukuu wake wakaja Kibaha kuomba mkanda wa mwaka 1998 uonyeshwe baada ya khitma. Ukoo uligawanyika. Wengine walisema si adabu maiti kuonekana anacheka na kupiga ngoma siku ya kuombewa dua, tena mjane yumo edani. Wengine walisema wajukuu wana njaa ya kumwona. Nilikuwepo katika kikao hicho na niliunga mkono wa kwanza, kwani niliona dua na ngoma visikae mkeka mmoja. Mwishowe wakapatana: dua isomwe, watu wale, wageni watawanyike, kisha mkanda uonyeshwe uani kwa jirani, nyumba tatu kutoka pale, sauti iwe ndogo, mjane asisumbuliwe.

Ikafanyika hivyo. Televisheni iliwekwa juu ya kinu kilichogeuzwa, jenereta likafichwa nyuma ya choo. Alipotokea mzee kwenye kioo hakuna aliyesema neno. Mjukuu mmoja, mpiga chapuo naye, alikuwa akifuata vidole vya babu yake kwa vidole vyake juu ya goti. Walikuwa wamefika pale ngoma inapokata kona ya sokoni, na mzee anaachia lile pigo lake la kuchelewa kidogo ambalo hakuna mwingine aliyeliweza, alipoingia mtoto wa kike anakimbia, katumwa na bibi kutoka edani.

Tukaogopa kwamba tumemtia majonzi. Mpwa wangu akanyosha mkono kuzima.

"Bibi anauliza," akasema mtoto, "mbona mmepunguza sauti? Anasema mwanzo hakuusikia. Anasema muurudishe mwanzo."

Mpwa wangu akaurudisha. Tuliurudisha mara tatu usiku ule, sauti ikiwa juu, na mara ya nne jenereta likaishiwa mafuta.